Mlio wa Nyundo

Miaka ya tisini, basi letu kutoka Bagamoyo likishapita Boko na Tegeta, mama alikuwa akiniambia nifunge dirisha. Vumbi la machimbo ya Kunduchi hilo. Kandokando ya barabara kulikuwa na mafungu ya kokoto yakisubiri malori. Nilijua kokoto ni za kujengea. Nani alizivunja, sikuwahi kujiuliza.

Filamu ndiyo iliyokuja kuniuliza. Miaka kadhaa baadaye mwalimu wetu alituwekea darasani, hapo hapo Bagamoyo, These Hands ya Flora M'mbugu-Schelling, ya mwaka 1992: dakika 45 za wanawake wakiponda mawe Kunduchi, wakimbizi wa Kimakonde kutoka Msumbiji. Nilingoja msimulizi aanze kunieleza. Hakuja. Nyundo tu, ko, ko, ko. Mkono mmoja umeshika jiwe, mwingine unapiga. Nilichoka, nikataka kutoka. Kisha nikajikuta nahesabu mapigo ya jiwe moja.

Sisi tuliokulia kwenye Bongo Movie tulizoea kuambiwa kila kitu. Mtu akiingia ndani anasema ameingia. Akilia, kinanda kinalia naye. M'mbugu-Schelling alishatengeneza Kumekucha mwaka 1987, nayo ya wanawake na kazi zao. Hapa Kunduchi maneno aliyapunguza hadi karibu yakaisha, akatuachia kazi yenyewe tuitazame na kuisikia.

Nikaikumbuka filamu yangu ya kwanza kuhusu mji wetu. Ilijaa sauti yangu: bandari, misafara, Wajerumani. Hata samaki wa sokoni nilimsemea.

Nikaazima kamera, nikarudi soko la samaki. Mama mmoja alikuwa mbele ya karai lake akikaanga. Nikamwamkia, nikaomba ruhusa, nikachagua upande wenye mwanga mzuri, nikanyamaza. Nusu saa ikapita.

"Mwanangu, mbona huulizi kitu?"

"Natazama kazi, mama."

"Basi tazama huku unafanya. Sogeza hizo kuni."

Nikaweka kamera chini, nikasogeza kuni. Moshi ukanijaa machoni hadi nikakohoa, naye akacheka. Ndipo nikaona kwamba yeye amesimama unakotokea upepo, mimi unakoelekea. Nilipoinua kamera tena nilikwenda kusimama ubavuni pake. Mwanga ulikuwa hafifu, lakini mikono yake niliiona kama anavyoiona mwenyewe.

Filamu ilitoka dakika 9, bila neno langu hata moja. Nilimpelekea kwenye simu yangu aione. Aliishika mbali kidogo na macho, akasikiliza samaki wa kwanza akitumbukia, akatikisa kichwa.

"Sikia," akasema. "Hapo mafuta yalikuwa bado."