Likelemba mbili zikiangukia siku moja



Juma hili tunaomba ruhusa tuzungumze juu ya hesabu. Msikunje uso. Ni hesabu ile ile ambayo mtoto wa shule ya msingi analeta nyumbani ndani ya daftari, na sisi tunaoifundisha tumeona inaweza kulinda mtaji wa mama na amani kati ya majirani.

Wengi wetu tuko katika likelemba zaidi ya moja: moja na wauzaji wenzetu wa soko, ingine na wamama wa mtaa. Tuseme ya soko inalipwa kila siku 4, faranga 5.000. Ya mtaa inalipwa kila siku 6, faranga 4.500. Siku nyingi mambo yanakwenda vizuri. Halafu inafika siku ambayo wakusanyaji wote wawili wanapiga hodi asubuhi moja. Mama anatoa pesa ya kununulia samaki, analipa, na kesho meza yake sokoni ni tupu. Ama analipa upande mmoja tu, na upande wa pili zamu yake inarudishwa nyuma. Tumeona wamama wakinuniana miezi mizima kwa sababu hiyo, kila mmoja akidhani mwenzake ni mdanganyifu. Mara nyingi hakuna udanganyifu. Ni kalenda tu.

Tuandike siku za malipo. Soko: 4, 8, 12, 16, 20, 24. Mtaa: 6, 12, 18, 24. Zinakutana siku ya 12, tena siku ya 24, na hivyo kuendelea. Namba 12 ndiyo ndogo kuliko zote zinazogawanyika kwa 4 na kwa 6 bila kubakiza kitu. Katika daftari la mtoto imeandikwa PPCM. Wenzetu wa Tanzania wanaiita kigawe kidogo cha shirika.

Kuijua namba hiyo kunasaidia nini? Katika siku 12, mama atalipa soko mara tatu, faranga 15.000, na mtaa mara mbili, faranga 9.000. Jumla ni 24.000. Gawanya kwa siku 12: ni faranga 2.000 kila siku. Akiziweka pembeni kila jioni, siku ya 4 ana 8.000, analipa 5.000, zinabaki 3.000. Siku ya 6 ana 7.000, analipa 4.500, zinabaki 2.500. Siku ya 8 ana 6.500, analipa 5.000, zinabaki 1.500. Siku ya 12 ana 9.500 kamili, na wakusanyaji wote wawili wakija pamoja, anawakaribisha kwa kicheko. Mtaji haukuguswa.

Kuna njia ya pili, na hiyo ndiyo tunaipenda zaidi. Malipo ya soko yanaangukia siku za namba shufwa. Likelemba ya mtaa ikikubali kusogea siku moja tu, italipwa siku ya 7, 13, 19, 25, namba witiri zote. Hazitakutana tena hata siku moja! Kwa mama wa Lubunga ambaye kikundi chake kingine kiko Makiso, na mto uko katikati, kusogeza siku moja kunamwondolea mbio za kuvuka na mtumbwi siku ile ile anayosubiriwa nyumbani. Hilo ni jambo la kuomba kwa heshima katika mkutano, na halimgharimu mtu faranga.

Lakini si kila namba inakubali kutenganishwa. Chukua 4 na 7. Hata mkisogeza namna gani, zitakutana kila siku 28. Wazee wa Bakongo, kule Kongo ya Chini, walikuwa na juma la siku nne, Nkandu, Konzo, Nkenge na Nsona, na masoko yao yalifuata siku hizo. Juma la siku saba lilipoingia, kila soko likawa linaangukia siku ya Mungu mara moja katika siku 28. Kwa namba za namna hiyo, dawa ni kuweka akiba mapema.

Na tukitaja dawa: mtoto akiandikiwa dawa moja kila saa 6 na ingine kila saa 8, zinakutana mara moja katika saa 24. Zikianza pamoja saa 6 ya asubuhi, ya kwanza itatolewa saa 6, 12, 18 na 24. Ya pili saa 6, 14 na 22. Baada ya saa 24 mama anaweza kulala mpaka asubuhi. Zikianza saa 18, ataamka saa 24, tena saa 2 ya usiku. Muulizeni muuguzi kama inawezekana kupanga hivyo. Msibadilishe saa za dawa wenyewe, wala kuchelewesha dawa ya kwanza kwa sababu ya usingizi.

Kabla ya mkutano ujao, kila mama aandike siku za likelemba zake zote kwenye kalenda moja. Asiyejua kuandika amwite mtoto wake wa shule. Yule mtoto atafurahi kuona kwamba PPCM yake inasaidia nyumbani, na sisi walimu tutapata mwanafunzi anayependa hesabu.