Kadi Moja, Nyumba Nyingi

Picha ya televisheni itokayo katika setilaiti haichagui paa la kushukia. Setilaiti imekaa juu ya ikweta, umbali wa kilomita 36,000 hivi, na mawimbi yake huwashukia mwenye kulipa na asiyelipa kama mvua inyeshavyo. Mwenye kituo hawezi kuyazuia, wala haoni ni dishi lipi linayapokea, kwa kuwa dishi hupokea tu, halijibu. Basi amebakiwa na njia moja: kuivuruga picha, kisha kuuza ufunguo wake.

Ufunguo huo ni mdogo mno. Katika mfumo uliokubaliwa Ulaya mwaka 1994 ni tarakimu 64, kila moja ikiwa sufuri au moja, nazo aghalabu hubadilishwa kila baada ya sekunde kumi hivi. Kituo huutuma pamoja na picha, lakini umefichwa ndani ya fumbo. King'amuzi hulipeleka fumbo kwa kadi. Kadi ikiona kwamba ada imelipwa, hulifumbua na kurudisha ufunguo. Picha yenyewe haipiti katika kadi hata mara moja.

Hapo ndipo ulipo udhaifu. Watazamaji wote wa chaneli moja hutumia ufunguo ule ule kwa wakati ule ule; kadi, basi, haina haja ya kuwamo nyumbani mwa kila mmoja. Mtu huiunganisha na intaneti, ving'amuzi vya mbali vikailetea mafumbo, nayo ikavijibu kabla ufunguo haujabadilika. Kila nyumba hupata picha kwa dishi lake yenyewe, na mwenye kadi mara nyingi hutoza fedha.

Watetezi wake husema kwamba hakuna kilichopungua angani. Ni kweli, lakini kilichouzwa hakikuwa picha, kilikuwa ruhusa. Hata hivyo, baba mwenye televisheni mbili anayeitumia kadi yake sebuleni na chumbani ni mwizi? Na akimgawia nduguye wa nyumba ya pili? Umoja wa Ulaya ulipotoa agizo lake mwaka 1998, uliwalenga wafanyao biashara ya vifaa vya kufungulia, na shauri la mtazamaji wa nyumbani ukaziachia nchi wanachama.

Wenye vituo hawakungoja mahakama. Wengi wameifungamanisha kadi na king'amuzi kimoja, hata ufunguo unaotoka ndani ya kadi nao umefichwa, usifumbuliwe na kingine. Mgawaji huzuilika, lakini king'amuzi cha mlipaji mwaminifu kikiharibika, kadi aliyoilipia hubaki kipande cha plastiki mpaka kituo kikubali kuifungamanisha upya.