Rob Burrow na Nafsi ya Pili

Wanaisimu wa Kiswahili wamejadili kwa muda mrefu kwa nini kipofu, kiziwi na kiwete hubeba kiambishi ki-, kile kile cha kiti na kisu. Wapo wanaosoma humo dharau ya wahenga. Wapo wanaojibu kwamba kijana na kiongozi nao wamo katika safu hiyo. Mimi huwaelekeza wanafunzi wangu kwenye kitenzi. Mswahili hasemi "kiziwi kimefika". Husema "kiziwi amefika". Jina laweza kumpunguza mtu, lakini upatanisho humrudisha miongoni mwa watu.

Maisha ya mchezaji mmoja wa raga yamenifanya nijiulize kama hilo linatosha. Rob Burrow, mzaliwa wa Pontefract huko Yorkshire, Uingereza, alikuwa na urefu wa takriban mita 1.65 katika mchezo wa mapande ya watu. Hata hivyo, kati ya 2001 na 2017 aliichezea Leeds Rhinos mechi 492 za raga ya wachezaji 13, akatwaa ubingwa wa Super League mara 8. Katika fainali ya 2011 dhidi ya St Helens aliinama, akapita chini ya mikono iliyomnyookea, akakimbia hadi kufunga trai. Ufupi aliohesabiwa kuwa kasoro ulimfungulia njia.

Desemba 2019, akiwa na miaka 37, aligunduliwa kuwa na ugonjwa unaoua neva zinazopeleka amri za ubongo kwenye misuli. Mwili ulimtoka kidogo kidogo, na usemi nao ukapotea. Macho yalibaki. Kwa macho hayo aliteua herufi kwenye kioo cha kompyuta, nayo ikazitamka kwa sauti iliyoundwa kutokana na rekodi zake mwenyewe, pamoja na lafudhi yake ya Yorkshire. Mwaka 2022 aliwasomea watoto hadithi kwa njia hiyo kwenye televisheni ya BBC.

Picha iliyosambaa zaidi ni ya Mei 2023: Kevin Sinfield, aliyekuwa nahodha wake, akimbeba kuvuka mstari wa mwisho wa marathoni ya Leeds. Ni picha ya udugu, na haina kasoro. Lakini ndani yake Burrow ni mtendwa. Ninachokithamini zaidi ni kimya cha waliomhoji: waliuliza swali, kisha wakangoja macho yamalize sentensi.

Kimya hicho hakikuwapo Tanga, mjomba wangu alipopata kiharusi. Wageni waliokuja kumjulia hali waliketi mbele yake, macho yake yakiwafuata, wakamwuliza mkewe: "Amekula? Amelala vizuri?" Sarufi ilikuwa sahihi, a- ya mtu ilikuwa mahali pake. Iliyokosekana ni u-, ile ya "umelalaje?" Mjomba aliweza kufumba jicho kukubali na kukaza vidole kukataa. Mkewe alilijua hilo kwa sababu alikuwa akimwuliza yeye mwenyewe, kisha akimngoja.

Hapo ndipo upatanisho wa ngeli unapofikia kikomo chake. Kukubali kwamba mgonjwa ni mtu ni jambo moja. Kumsemesha ni jingine. Hata majadiliano yetu ya kubadili istilahi, kutoka kilema hadi mtu mwenye ulemavu, kwa umuhimu wake wote, bado yanamzungumzia asiyetazamwa usoni.

Burrow alifariki tarehe 2 Juni 2024. Siku iliyofuata, ujenzi wa kituo cha matibabu alichokipigania ulianza mjini Leeds. Kompyuta kama yake haitafika upesi katika nyumba nyingi za kwetu. Lakini anayeingia kumjulia hali mgonjwa asiyeweza kusema anaweza, leo hii, kumwelekezea yeye swali, na kumpa muda wa kulijibu.