Kasoro Zinazoonyesha Njia

Tango, filamu fupi ya Zbigniew Rybczyński, msanii wa uhuishaji kutoka Łódź, Poland, huisha ndani ya dakika nane hivi. Chumba ni kimoja na kamera haisogei. Mpira unaingia dirishani. Mtoto anaufuata, anauokota, anatoka. Mpira unarudi, na mtoto naye. Kisha wanaingia mama na kichanga chake, mwizi, mtu wa kubadilisha balbu, kila mmoja akirudia jambo lake lile lile, mpaka watu 36 wanapishana humo bila kugusana wala kutazamana.

Mwaka 1980 hapakuwa na kompyuta ya kumrahisishia kazi hiyo. Ili watu hao wote waenee katika picha moja, alichora na kupaka rangi kwa mkono vipande vya plastiki angavu vipatavyo 16,000, vya kuzuia mwanga pale ambapo mtu mwingine angepita, kisha akapiga picha moja moja kwenye mashine ya kunakili filamu, mara laki kadhaa. Alifanya hivyo miezi saba, saa 16 kwa siku.

Mwaka 1983 Tango ilishinda Oscar. Hata hivyo, alipoielezea kazi yake alizitaja dosari zake waziwazi: mistari myeusi kandokando ya watu, picha zinazotetemeka, rangi zinazobadilika, uchafu na mikwaruzo. Hapo ndipo ninapomheshimu zaidi, kwa sababu naona dosari hizo zilimwongoza katika kazi zilizofuata. Alipohamia Marekani aligeukia video ya ubora wa juu, isiyotumia filamu ya kukwaruzika. Katika Steps ya mwaka 1987 aliwaingiza watalii wa Kimarekani ndani ya tukio maarufu la Battleship Potemkin, filamu ya mwongozaji Eisenstein ya mwaka 1925. Mwaka 1990 akatoa The Orchestra, iliyompatia tuzo ya Emmy. Baadaye akajikita katika kuandika programu za kompyuta za kuunganisha picha, labda ili mstari ule mweusi usionekane tena.

Nikiitafakari safari hiyo, nawakumbuka watu wengi wenye vipaji ninaowafahamu, ambao miswada yao imelala sandukuni na mipango yao imebaki mdomoni, kwa kuwa wanangoja siku ambayo kazi itakuwa safi kabisa. Kazi isiyomalizwa haiwezi kukufundisha, maana makosa yake bado hayajajitokeza. Aliyemaliza ndiye anayejua hasa wapi mkono wake ulipungukiwa na wapi chombo kilimwangusha.

Hilo halimpi mtu ruhusa ya kulipua kazi. Rybczyński aliweza kuzitazama dosari zake bila aibu kwa kuwa alikwisha kutoa nguvu zake zote. Uvivu ukiingia katikati, kasoro inakosa maana: hujui ni ujuzi uliopungua au ni jitihada.

Tena alizitaja kwa majina. Kusema tu “kazi yangu si nzuri” kunavunja moyo na hakumsogezi mtu hatua. Kusema “mstari huu unaonekana, rangi hii inabadilika” kunakupa la kufanya kesho.

Basi ndugu msomaji, maliza kwanza ulichoanza, kwa nguvu zako zote. Kisha kaa nacho, ziorodheshe kasoro zake moja moja, na kazi yako inayofuata ianze na kasoro ile inayokukera kuliko zote.