Kutoka Uwakili Hadi Ujaji

Wahenga walinena kuwa mtaka cha mvunguni sharti ainame. Mpenzi msomaji, methali hii hunikumbusha Bi. Martha Koome, mwanamke wa kwanza kuwa Jaji Mkuu wa nchi yetu ya Kenya.

Bi. Koome alizaliwa mwaka wa 1960 huko Meru, katika familia ya wakulima yenye watoto wengi. Alisomea sheria katika Chuo Kikuu cha Nairobi, akafuzu mwaka wa 1986. Alianza kazi ya uwakili jijini Nairobi akiwa ameajiriwa, na mwaka wa 1993 akafungua ofisi yake mwenyewe. Aliwahi pia kuwa mwenyekiti wa FIDA, chama cha mawakili wanawake kinachowatetea kina mama wasio na pesa za kumlipa wakili. Mwaka wa 2003 aliteuliwa kuwa jaji wa Mahakama Kuu, na 2012 akaingia Mahakama ya Rufani. Hatimaye, tarehe 21 Mei 2021, akaapishwa kuwa Jaji Mkuu. Hebu piga hesabu: tangu afuzu ni miaka 35! Sisi wengine tukishindwa na hesabu moja tu, tunasema somo gumu.

Pengine unajiuliza, huyu mwanafunzi wa hapa Voi ana uhusiano gani na mambo ya majaji? Sababu iko nyumbani kwetu. Babu yangu alipofariki aliacha shamba huko milimani, upande wa Wundanyi. Mwaka jana mjomba alikuja kwetu na karatasi, akitaka mama atie sahihi kuwa hataki sehemu yake.

"Dada, wewe uliolewa, na mahari yako ilishaliwa. Shamba ni la wanaume," akasema.

Moyo ulinichemka, lakini mtoto hajibizani na mkubwa. Nikanyamaza kimya.

Kesho yake nilimuuliza mwalimu wetu. Kumbe Sheria ya Urithi, iliyoanza kutumika mwaka wa 1981, haimbagui mtoto wa kike, awe ameolewa au la! Katiba ya 2010 nayo inakataza ubaguzi wa kijinsia katika mambo ya ardhi.

Hapo ndipo nilipoelewa tofauti ya kazi zile mbili. Wakili husimama upande wa mteja wake, ilhali jaji husikiliza pande zote mbili kabla ya kukata neno. Mimi nilikuwa wakili wa mama. Nilipojaribu kuwa jaji, nikakumbuka kuwa mjomba ndiye aliyemuuguza babu miaka mingi, na ndiye anayelima shamba lile. Jasho lake lastahili shukrani. Lakini shukrani ni kitu kimoja, na kumnyang'anya ndugu yako haki yake ni kitu kingine.

Nilimweleza mama yote. Hakutia sahihi. Aliniambia, "Mwanangu, mjomba wako ni ndugu yangu hata kesho. Karatasi yake tu ndiyo siitaki." Sasa tunangojea kikao cha familia, na wasiposikizana, Voi kuna mahakama.

Wanafunzi wenzangu, wavulana kwa wasichana, ulizeni sheria inasemaje. Haki huanzia nyumbani. Nami nikijaliwa, nitasomea sheria. Haba na haba hujaza kibaba. Alamsiki!