Mlango wa Chini

Mwaka 1981 nilikuwa dereva katika ubalozi wetu pale Washington. Kazi ya dereva wa balozi robo tatu yake ni kusubiri. Wakubwa wakiingia kwenye hafla, sisi tunabaki nje na magari, Mghana, Mhindi, Mbrazili, tunapuliza vidole kwa baridi na kugawana chai ya chupa. Siasa za dunia nilizisomea hapo.

Gari tulilolitazama zaidi lilikuwa la Mrusi, balozi wa Usovieti Anatoly Dobrynin. Alifika mji ule Machi 1962, mimi nikiwa bado mtoto wa chandimu, na tangu 1979 ndiye aliyekuwa Kiongozi wa Mabalozi, maana hakuna aliyemzidi kukaa. Kila shughuli ya itifaki, yeye mbele. Mtu mrefu, miwani, upara. Alikuwa akishuka taratibu, anatutupia jicho sisi madereva, anainamisha kichwa kutusalimu. Wengi wa hadhi yake walitupita kama nguzo za umeme.

Januari ile, Reagan ndiyo kwanza ameapishwa, kikazuka kisa. Kwa miaka, gari la Dobrynin lilikuwa likiingia Wizara ya Mambo ya Nje kwa maegesho yaliyo chini ya jengo, mwenyewe akapanda lifti bila waandishi kumwona. Waziri mpya, Alexander Haig, akaifuta ruhusa hiyo. Dereva akafika mlangoni kama siku zote, akaambiwa arudi kinyumenyume, azunguke mbele wanakoingia mabalozi wengine. Wengi walilisoma jambo lile kama ubabe wa nani mkubwa. Sisi tulimwaza dereva mwenzetu: kurudisha nyuma gari refu vile, walinzi wanakukodolea macho, na bosi yuko kiti cha nyuma!

Uzito wa mlango ule niliuelewa baadaye, kitabu cha kumbukumbu cha Dobrynin kilipotoka 1995. Oktoba 1962 Wasovieti walipokuwa wamepeleka makombora Cuba, Moscow haikumwambia balozi wake lolote. Akawa anawatoa Wamarekani wasiwasi kwa moyo mweupe, kumbe wenzake nyumbani wamemficha. Mjumbe hauawi, lakini huyu alitumwa bila kuambiwa ujumbe! Hata hivyo, jioni ya tarehe 27 Robert Kennedy, mdogo wa Rais, alimwita yeye ofisini kwake. Faraghani mle yakazungumzwa makombora ya Marekani yaliyokuwa Uturuki, kwamba yataondolewa, ila lisitangazwe. Likafichwa kwa miaka.

Habari nzito hivyo, ifike vipi Moscow? Ubalozini kwake waliiandika kwa maandishi ya siri, wakapiga simu Western Union, akaja kijana mweusi juu ya baiskeli kuchukua telegramu. Dobrynin anasimulia kwamba walichoweza kufanya ni kuomba tu asije akasimama njiani kupiga soga na msichana. Nilicheka peke yangu sebuleni, kisha nikaacha kucheka.

Alihudumu zama za marais sita, kutoka Kennedy hadi Reagan, akarudi kwao 1986. Alifariki Aprili 2010, ana miaka 90. Mtu aliyewahi kuzungumza maneno kama yale pasipo mtu kusikia, mimi ningemwachia mlango wake wa chini.