Taa Yenye Akili Chini ya Mwembe

Siku hizi ukifungua simu hukosi tangazo la vifaa "vyenye akili" vya nje ya nyumba: turubai linalojikunja jua likizama, feni inayojiwasha joto likipanda, taa inayokujua ukija. Huwa nayasoma nikiwaza Nyamongo, kwetu, ambako nje ndiyo sebule. Ndani tunalala tu. Nje tunapika, tunasuka nywele, tunapatanisha ndugu na kukaa matanga.

Sebule ya mama yangu ni mwembe. Mchana unapunguza joto, na kipupwe kikija unakinga upepo kiasi. Usiku ndio ulikuwa na shida, giza na nyoka. Basi nikampelekea taa ya sola yenye sensa. Nikamwambia, "Mama, hii ina akili. Ikiingia giza inajua yenyewe, mtu akipita inaongeza mwanga."

Jioni ya kwanza wajukuu wakamzunguka, akaanza hadithi ya sungura. Ilipofika patamu, watoto wakatulia tuli. Taa ikafifia.

Sensa hizi hazioni watu, ndugu msomaji. Zinahisi joto la mwili linapohama kutoka sehemu moja kwenda nyingine. Mtu akitulia, kwake hayupo. Kila hadithi ilipokolea ikabidi mtoto mmoja apunge mkono, na hadithi ikakatika hapohapo.

"Akili gani hii," mama akauliza, "inayoona mpita njia na haimwoni aliyeketi?"

Swali hilo limekaa nami, maana Nyamongo lina uzito wake. Mgodi mkubwa wa dhahabu ulianza uzalishaji hapa mwaka 2002, na tangu hapo neno tathmini limekuwa la kawaida kama ugali. Mnalijua na lile jingine, tegesha: mtu anasikia eneo litachukuliwa, anapandisha kuta usiku na kupanda miti iliyobanana ili ahesabiwe. Kila mtu kijijini anajua anayehangaika ndiye anayeonekana. Mama hakutegesha. Alikaa tu pale alipokuwa amekaa siku zote.

Wathamini walipofika kwetu waliandika nyumba, jiko, choo, migomba, na mwembe mmoja. Fomu ina safu ya mazao na safu ya majengo, na sheria inataja hata posho ya usumbufu na ya usafiri. Mama alisikiliza orodha yote ikisomwa, kisha akauliza kwa adabu, "Na kivuli mmekiandika wapi, wanangu?"

Kijana mmoja akaupekua ukurasa kwa heshima, kama anayetafuta kweli.

Ile taa sasa nimeihamishia njia ya chooni, huko inafaa sana. Chini ya mwembe wamerudisha koroboi. Mwanga wake ni hafifu na moshi unawasha macho, ila hadithi ikifika patamu, haizimiki.